Picha za maktaba zinapogoma: dalili, chanzo na la kufanya

Mhariri mmoja kijana alinifuata na kipande cha dakika sita cha sherehe za Uhuru wa Tanganyika. Watu wanakimbia badala ya kutembea, mtangazaji ana sauti nyembamba kama ya mtoto, na kila kinachopita haraka mbele ya kamera kimeota meno ya kitana. Nikamuuliza kakipata wapi. "Kaka, si picha za zamani? Ndivyo zilivyo."

Sivyo zilivyo. Mpiga picha wa 1961 alikuwa na lenzi nzuri na filamu ya mm 35 au mm 16, na filamu hiyo ikisafishwa na kuskaniwa vizuri leo inazishinda video nyingi za harusi tunazopiga wikendi. Kasoro zote tatu za kijana yule ziliingia njiani: filamu ilipohamishiwa kwenye kanda, kanda ilipoingizwa kwenye kompyuta, mtu alipopakia nakala mtandaoni, na yeye mwenyewe alipoishusha. Kwa hiyo kazi yetu ni kama ya fundi bomba. Maji yakitoka machafu, unalifuata bomba kurudi nyuma mpaka pale yanapochafuka. Huanzi kwa kununua chujio.

Kabla hujagusa kitu, toa nakala ya faili ulilopewa na ile ya kwanza uifungie mbali. Kisha lifungue faili kwa MediaInfo, programu ya bure, usome vipimo vya picha, fremu kwa sekunde, umbo la pikseli na kodeki, yaani njia iliyotumika kuibana video. Usiyaamini yote. Hayo ni maandishi ya kwenye chupa, na dawa iliyomo inaweza kuwa nyingine. Muulize aliyekupa faili mambo matatu: asili yake ni filamu au kanda ya video, ilihamishwa katika nchi gani, na hii ni nakala ya ngapi. Akijibu "sijui", hilo nalo ni jibu, maana umeshajua kwamba kuna mtu wa kutafutwa nyuma yake.

MENO YA KITANA

Simamisha picha pale mtu anapopunga mkono. Ukingo wa mkono ukiwa umechanika kwa vimistari vilivyolala, kimoja kimetangulia na kinachofuata kimebaki nyuma, hiyo ni intalesi. Televisheni ya PAL, mfumo tuliourithi Afrika Mashariki, haikuwa ikituma fremu 25 nzima kwa sekunde. Ilituma nusu fremu 50: mistari ya witiri kwanza, kisha ya shufwa, na jicho likaziunga. Televisheni za zamani za chogo zilizichora zamu kwa zamu hivyohivyo. Kompyuta inazibandika zote mbili kwa pamoja, na ndipo meno yanapoonekana.

Wengi hapa hubonyeza kitufe cha kuondoa intalesi na kusonga mbele. Subiri. Dalili ni moja, magonjwa ni kadhaa.

Kama asili ni kamera ya video, zile nusu 50 ni nyakati 50 tofauti, na hapo kuondoa intalesi ni sahihi. Angalia tu chombo unachotumia. Programu nyingi za kuhariri zinatupa nusu moja na kuivuta iliyobaki, hivyo mistari 576 inabaki 288 na picha inalegea. Bwdif iliyomo ndani ya ffmpeg, programu ya bure ya kuchakata video, au chombo kingine kiitwacho QTGMC kwa mwenye subira, hufanya kazi safi zaidi.

Kama asili ni filamu, mambo ni mengine kabisa. Fremu moja ya filamu ilikatwa nusu mbili za wakati uleule, kwa hiyo zikiunganishwa zinapaswa kukaa bila hata jino moja. Ukiyaona meno, maana yake zimeoanishwa vibaya: nusu ya fremu hii imelala na nusu ya jirani. Dawa ni kusogeza nusu moja ikakutane na mwenzake. Ukiondoa intalesi hapo umetupa nusu ya picha bure, na hili ndilo kosa ninaloliona kuliko yote, hata kwenye filamu za makala zilizopita mikono ya watu wenye uzoefu.

Kama picha ilipitia Marekani, hesabu. Songa fremu moja moja: tatu safi, mbili zenye meno, tatu safi, mbili zenye meno. Hiyo ni filamu ya fremu 24 iliyotandazwa kwenye mfumo wao wa karibu nusu fremu 60. Kuna njia ya kuukunjua mtandazo huo na kurudi kwenye fremu 24 zilezile za awali, na kazi ikifanywa sawasawa hupotezi chochote.

Mwendo ukiwa unaruka mbele na kurudi nyuma kama gari lenye klachi mbovu, mpangilio umegeuzwa: programu inaanza na mistari ya juu na faili linaanza na ya chini. Kanda za DV (za kidijitali) za PAL huanza na ya chini. Badilisha tafsiri ya faili na umemaliza.

Meno yakiwa manene, yamevimba kama mawimbi ya bati, kuna mtu alibadilisha ukubwa wa picha kabla ya kuondoa intalesi. Na ukiona kila kinachosogea kina kivuli chake kinachokifuata, kuna mashine ilichanganya fremu za Marekani ili zitoshe kwenye zetu. Haya mawili hayana dawa ndani ya kompyuta yako. Panda bomba hatua moja juu, uombe nakala iliyotangulia.

WATU WAMENENEPA, AU WAMEKONDA KIDOGO

Unene unasababishwa na mtu aliyeitandaza picha ya 4:3 ijaze kioo cha 16:9. Upana unaongezeka kwa theluthi, kila kiongozi anakuwa na mashavu na kila Land Rover inakuwa basi. Wembamba ni wa siri zaidi. Video ya PAL ina pikseli 720 kwa 576, lakini pikseli zake si mraba, na programu ikizichukulia kuwa mraba watu wanakonda kwa asilimia 6 hivi. Wengi hawaoni. Mjukuu wa mtu aliye kwenye picha ataona.

Kipimo changu ni gurudumu la baiskeli linaloonekana kwa ubavu, au saa ya ukutani. Lipime kwa rula kwenye kioo, kwenda juu na kwenda upande. Likiwa yai, rekebisha mpaka liwe duara.

Kuna ugonjwa wa tatu ambao watayarishaji wanauita suluhisho: kuikuza picha ya 4:3 ijaze kioo. Unakata robo kamili ya kimo chake. Mpiga picha wa enzi ile aliipanga fremu yake mpaka ukingoni, na robo unayoitupa ndiyo yenye kofia za watu na miguu ya ngoma. Acha nafasi nyeusi pembeni. Mtazamaji wa leo anatazama video za simu zilizosimama wima kutwa nzima, na nafasi nyeusi hazimsumbui.

WANAKIMBIA, NA SAUTI IMEPANDA

Hizi ni kasoro mbili zinazofanana, na dawa zake ziko mbali mbali.

Ya kwanza ni mbio za dhahiri. Filamu za nyumbani za mm 8 zilipigwa kwa fremu 16 kwa sekunde, na Super 8, iliyoingia sokoni 1965, kwa 18. Habari za sinema zilipigwa kwa 24. Ukiichezesha filamu ya fremu 16 kwa kasi ya televisheni ya 25, watu wanaenda zaidi ya mara moja na nusu ya mwendo wao.

Utajuaje kasi halisi wakati boksi halina maandishi? Tafuta gwaride. Askari waliofundishwa kwa mtindo wa Kiingereza, na wetu wote wa miaka ile walifundishwa hivyo, katika mwendo wa haraka hupiga karibu hatua 120 kwa dakika. Chukua saa, hesabu hatua za sekunde 10, zidisha kwa 6. Ukipata 185 au zaidi kidogo, hiyo ni filamu ya fremu 16 inayokimbizwa kwa 25. Ukipata 165 hivi, ni ya 18. Hakikisha tu kwamba hawako kwenye mwendo wa pole, maana hapo hesabu inakudanganya. Pasipo gwaride, tazama watu wanaovuka barabara bila haraka: hatua mbili kwa sekunde, pungufu kidogo. Ukishaipata kasi, iambie programu kwamba faili ni la fremu 16 au 18, uache irudie fremu pale inapohitaji. Usiitumie ile njia ya kubuni fremu za katikati. Inayeyusha vidole.

Ya pili haionekani kwa macho. Filamu ya fremu 24 ikihamishiwa PAL huchezwa kwa 25, yaani kasi zaidi kwa asilimia 4, na sauti inapanda karibu robo tatu ya nusu-toni. Ukiwa na sauti ya Mwalimu, ambayo kila Mtanzania anaijua masikioni, utasikia kuna kitu si chake. Irudishe kwenye 24, au kama huna budi kubaki na 25, ifanye sauti iwe nzito kidogo bila kugusa mwendo wake. Kuna alama nyingine wakati mwingine: mngurumo wa umeme ulionaswa siku ya kurekodi. Umeme wetu ni wa mizunguko 50 kwa sekunde. Kichora-sauti kikiuonyesha mngurumo huo kwenye 52, imeharakishwa. Ukikaa kwenye 50 kamili, usishangilie bado, kwa sababu huenda uliingia siku ya kuhamisha na si siku ya kurekodi.

MIDOMO NA MANENO HAVIPATANI

Angalia mwanzo na mwisho wa kipande. Pengo likiwa lilelile, sogeza sauti na yamekwisha. Pengo likikua, kasi mbili tofauti zimeoana. Baina ya fremu 24 na zile 23.976 za Marekani, pengo ni sekunde 3.6 kwa saa. Baina ya 24 na 25 ni karibu dakika mbili na nusu. Kwa hiyo pima pengo la mwisho na litakutajia mkosaji kwa jina. Pengo likiwa linakuja na kuondoka bila mpangilio, mtu alirekodi kioo kwa simu.

Sauti ikiwa upande mmoja tu, usikimbilie kuitandaza pande zote mbili. Sikiliza kwanza upande wa pili peke yake kwa sauti ya juu. Kwenye kanda za habari njia ya kwanza mara nyingi ni msimulizi, na ya pili ni sauti ya eneo isiyo na msimulizi, nayo ni dhahabu ambayo wengi wameifuta wakidhani ni kelele.

Maneno yakisikika vizuri kwenye spika za studio halafu yakatoweka kwenye simu, pande mbili zinapingana: moja inasukuma wakati nyingine inavuta, na zikiunganishwa zinafutana. Geuza upande mmoja, au tumia mmoja tu. Sikiliza kila kitu kwa spika moja ya simu kabla hujakabidhi kazi.

Picha ikiwa bubu kabisa, kuna mambo mawili ya kufikiria. Sauti inaweza kuwa inaishi mahali pengine. Wakati wa mradi wa filamu za elimu uliokuwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara, kati ya 1935 na 1937, picha ziliwekwa kwenye filamu ya mm 16 na sauti kwenye sahani za santuri. Miaka iliyofuata kulikuwa na utepe wa sumaku uliotembea sambamba na filamu lakini kwenye boksi lake. Uliza maktaba kama kuna boksi la pili lenye namba ileile. Jambo la pili ni kwamba huenda haikuwahi kuwa na sauti. Habari nyingi za sinema zilipigwa bubu, na vigelegele, makofi na mizinga vikapachikwa London kutoka kwenye akiba ya milio. Ukiandika kwenye filamu yako kwamba hiyo ni sauti ya umati wa Dar es Salaam, unaweza kuwa unatusikilizisha mashabiki wa mpira wa Uingereza.

KANDA YENYEWE IMEUGUA

Hapa ukikosea huna pa kurudi, kwa hiyo nenda taratibu. Pwani yetu ina joto na unyevu, na stoo nyingi hazina hewa.

Fungua boksi la filamu. Ukisikia harufu ya siki, plastiki ya filamu imeanza kuoza na kutoa asidi, na asidi hiyo inaharakisha kuoza zaidi, hata kwa filamu za jirani. Itenge siku hiyohiyo. Baridi na ukavu hupunguza mwendo wa ugonjwa ila haviuponyi. Filamu inayooza hivi husinyaa, na ikishasinyaa karibu asilimia 1 matundu yake hayaingii tena kwenye meno ya projekta. Mzee mmoja mwenye nia njema aliamua kuionja kwenye projekta "kidogo tu, tuone kilichomo", na nilikuwa nimesimama pembeni. Tulisikia milio mitatu ya kupasuka kabla hajaifikia swichi. Filamu ya namna hiyo inakwenda kwenye skana isiyo na meno.

Rangi ikiwa imegeuka ya waridi yote, hilo si kosa la aliyehamisha. Filamu nyingi za rangi za miaka ya 1950 hadi ya mwanzo ya 1980 hupoteza rangi ya samawati-kijani kwanza, na kinachobaki ni wekundu. Unaweza kusawazisha kiasi, lakini uliza kwanza kama negativu ipo, maana huenda ilihifadhiwa vizuri kuliko nakala iliyozunguka vijijini kwenye gari la sinema.

Kanda ya video yenye unga mweupe kwenye ukingo ina ukungu. Usiitie kwenye deki. Utaharibu kanda, utachafua vichwa vya deki vinavyoisoma, na kila kanda itakayofuata itaambukizwa. Kanda inayolia na kuacha ungaunga wa kahawia kwenye vichwa imelainika gundi. Mafundi wa maabara huzioka kanda hizo kwa saa kadhaa kwenye nyuzi 50 na kitu za Selsiasi, katika jiko maalumu, kisha huzihamisha haraka kabla hazijarudia hali. Jiko la mikate la nyumbani limewapotezea watu kanda ambazo hazikuwa na mwenzake duniani.

Chenga tupu zenye mstari unaopanda na kushuka ni jambo jepesi zaidi: vichwa vichafu au deki haijaipata njia ya kanda. Safisha, rekebisha, jaribu deki nyingine. Tatizo ni kuipata hiyo deki nyingine. Sony iliacha kuuza kanda za Betacam, zile za vituo vya televisheni, mwaka 2016, na mwaka huohuo Funai, kiwanda cha mwisho kilichokuwa kikitengeneza deki za VHS, kikafunga kazi hiyo. Ukiona deki inayofanya kazi kwa fundi wa mtaani, inunue leo.

MAELEZO YANASEMA HIVI, PICHA INASEMA VILE

Hii ndiyo dalili ninayoipenda, kwa sababu haihitaji mashine. Inahitaji mtu anayetazama.

Anza na kile kisichowezekana. Tanzania Bara haikuwa na televisheni mpaka 1994. Zanzibar ilianza 1973, na kwa rangi. Kenya ilikuwa nayo tangu 1962. Kwa hiyo picha yoyote ya Bara ya kabla ya 1994 ilipigwa na kitengo cha filamu cha Serikali, na wageni, na Wazanzibari, au na mtu binafsi. Mtu akikuambia ana "kanda halisi ya Betacam ya Azimio la Arusha", mshukuru kwa ukarimu wake: Azimio ni la 1967 na Betacam ilitoka 1982. Anacho kitu, ila ni nakala, na asili yake iko mahali fulani inakusubiri.

Kisha chukua mtego mkubwa kuliko yote wa picha za uhuru. Philip, mume wa Malkia wa Uingereza, amesimama kwa sare nyeupe, bendera ya Uingereza inashuka, nyingine inapanda. Ni wapi? Wasimulizi wengi hujibu haraka. Lakini mtu huyohuyo alikuwa Dar es Salaam Desemba 1961, Zanzibar tarehe 10 Desemba 1963, na Nairobi siku mbili baadaye. Sura yake haikuambii kitu. Itazame bendera inayopanda, hata kama picha ni nyeusi na nyeupe. Ngao na mikuki katikati: Kenya. Duara katikati ya bendera yenye rangi moja, na karafuu ndani ya duara: Zanzibar. Mistari iliyolala mitupu: Tanganyika. Na ukiona bendera yenye mstari wa mshazari kutoka kona hadi kona, huo si uhuru wa Tanganyika hata kidogo, ni baada ya Muungano wa 1964.

Nimewahi kuona mishazari hiyo ndani ya kipindi kilichosema kwa sauti nzito, "usiku wa Uhuru". Kiliruka hewani na hakuna aliyepiga simu. Hilo halikifanyi kiwe kweli.

Picha zikiwa safi mno au za karibu mno kuliko tukio lenyewe, jiulize nani alikuwa na sababu ya kuwa pale. Picha za kutoka angani za Unguja ya Januari 1964 ambazo kila makala ya Mapinduzi huzirudia zilipigwa na Waitaliano waliokuwa wakitengeneza filamu ya sinema, iliyotoka 1966, filamu ambayo ililalamikiwa sana kwa jinsi ilivyowaonyesha Waafrika. Kuzitumia hakukatazwi. Kuzitumia bila kumwambia mtazamaji nani alikuwa ndani ya ndege, na alikuwa anatafuta nini, ni kuuazima ulimi wa mtu mwingine.

MASTA IMEKUJA, HAIKAI

Umehariri kwa nakala ya kutazamia yenye nembo na namba zinazokimbia juu ya picha. Umelipa, masta, yaani nakala kuu safi, imefika, unaibandika, na kila mkato umeteleza. Mara nyingi nakala ya kutazamia ilikuwa ya fremu 25 na masta ni skani mpya ya 24, au skani mpya imeanza mapema zaidi kwenye utepe mtupu wa mwanzo, au faili la kutazamia halikuwa na taimkodi yake (namba zinazohesabu muda na fremu) na programu ikaanzia sifuri. Ndiyo sababu usizifunike zile namba za juu ya picha wakati wa kuhariri hata kama zinakera. Zikisomeka, unaweza kulinganisha kwa jicho mkato kwa mkato, kazi ya siku moja. Ukiwa umezifunika, ni ya wiki. Unapoagiza masta, omba ziada ya sekunde moja kila upande wa kipande.

Na picha ikiwa na vimraba-mraba kwenye anga na nyuso, umeshusha kutoka mtandaoni, na wala usiitafutie dawa. Najua kuna programu za akili mnemba zinazozirudishia picha ung'avu. Nimezijaribu. Zilimpa mama mmoja wa Kariakoo nyusi ambazo hakuwahi kuwa nazo, na mtoto wa nyuma yake zikamfanya kikapu. Muungano wa watayarishaji wa picha za kumbukumbu wa Marekani ulitoa mwongozo mwaka 2024 ukisisitiza uwazi kwa mtazamaji pale zana hizi zinapotumika. Mimi nimekuwa mkali zaidi: kwenye makala ya historia sizitumii.

KITUO KINADAI KARATASI

Dalili hii hutokea mwisho, pesa zikiwa zimeisha. Tamasha limekubali filamu, halafu linauliza leseni za picha. Au video imeshushwa mtandaoni kwa malalamiko ya mtu usiyemjua.

Chanzo cha kwanza ni kudhani kinachoonekana ni cha bure. British Pathé ilipakia filamu 85,000 YouTube mwaka 2014. Imekuruhusu kutazama, basi. Cha pili ni kulipa mtu asiye mwenye mali. Kuwa na kanda stoo na kuwa na hakimiliki yake ni mambo mawili, na kuna watu wanaouza wasichomiliki kwa moyo mweupe kabisa. Omba barua inayosema wazi kwamba anayekuuzia ndiye mwenye haki, na kwamba akithibitika siye, gharama ni juu yake. Asipotaka kuiandika, umeshajibiwa.

Cha tatu ni leseni finyu kuliko safari ya filamu. Ulinunua "televisheni, Tanzania, miaka 5", sasa unataka kuiweka mtandaoni dunia nzima. Nunua haki ndogo kama mfuko ni mdogo, lakini siku ileile andikisha kwenye mkataba bei ya kuipanua baadaye. Baada ya filamu kupata jina, bei hiyo haitakuwa ile.

Cha nne ni muda. Kwa sheria ya Tanzania ya 1999, na ya Kenya pia, kazi ya picha na sauti hulindwa miaka 50, kwa hiyo watu hupiga hesabu kutoka 1961 na kufurahi. Furaha hiyo inaishia mpakani. Uingereza huhesabu miaka 70 baada ya kifo cha wa mwisho kati ya waandishi, mwongozaji na mtunzi wa muziki, na Marekani ina hesabu yake ndefu. Kama filamu itaonyeshwa huko, sheria ya huko inakuhusu. Na muziki uliomo ndani ya kipande una mwenyewe mwingine. Mara nyingi ni rahisi kuuondoa kuliko kumtafuta.

Kuhusu bei, nyumba nyingi za kumbukumbu hutoza kwa sekunde lakini zina kiwango cha chini. Tuseme kila moja inadai angalau sekunde 30. Ukichukua sekunde 4 kutoka nyumba 8, umetumia 32 na umelipia 240. Kabla hujafunga uhariri, panga vipande vyako kwa mwenye mali, si kwa mpangilio wa hadithi, uone ni nyumba zipi unaweza kuziacha kabisa. Nimeona bajeti ikishuka nusu kwa jioni moja ya kazi hiyo, na hadithi haikuumia popote.

Nyuma ya yote haya liko daftari. Langu ni la kawaida, la mistari, na kila kipande kinapata mstari wake siku kinapoingia, kabla hakijafika kwenye programu. Hivi ndivyo nilivyokiandika kile cha kijana, baada ya wiki mbili za kulifuata bomba: "Uhuru, Dar, Des 1961. Bendera: mistari iliyolala, sawa. Asili: filamu mm 16, bubu. Makofi: ya kupachika, yasitumike. Msimulizi: wa baadaye, sauti imepanda asilimia 4. Gwaride: hatua 186, kwa hiyo fremu 16. Nakala ya mtandaoni: ya tatu au ya nne. Negativu: ipo, nje ya nchi, barua imetumwa. Hakimiliki: bado."

Neno "bado" nimelipigia mstari mara mbili.